Kidole cha Saba

Ijumaa, siku mbili kabla ya mechi ya mwisho wa msimu, kiota cha korongo kilianguka kutoka juu ya mnara wa taa wa uwanja wa Almorcal, na makinda wawili wakafa pale pale. Watu wangeshawasahau makinda hao kabla ya chakula cha mchana, ila gari lililokuwa limeegeshwa chini ya mnara lilikuwa la Eloy Quintanar, na halikupata hata mkwaruzo. Habari ilifika kwenye baa ya uwanjani kabla ya mwenye gari. Eloy alipoingia kuagiza mkate wake wa kuchoma wenye nyanya na mafuta ya zeituni, wazee wanne waliokuwa wakicheza karata walipeleka mikono chini ya meza kwa pamoja, kila mmoja akitafuta mahali penye mbao tupu pa kushika, maana mti huzuia mkosi.

Eloy alikwishazoea. Alikuwa na miaka thelathini na minne, winga wa kulia, na Almorcal ilikuwa klabu yake ya kumi na moja. Katika nne za mwisho, mbili zilishuka daraja, moja ilifunga milango katikati ya msimu, na nyingine ilinyang'anywa mechi iliyokuwa imeshinda, ikazama nayo. Katika madaraja ya chini ya Uhispania habari za namna hiyo husafiri mbele ya mchezaji, zikamtangulia kila mji na kumngoja kituoni. Hakuna aliyejiuliza kwa nini klabu imtafute winga wa umri ule mwezi wa Januari kama mambo yake yanakwenda vizuri. Walimwita nuksi, basi.

Na kwa kuwa kulitaja jina la nuksi ni kuikaribisha mezani, pale Almorcal hakuwa na jina. Alikuwa "Yule". Mpe Yule mpira. Yule ameshafika? Hata mtangazaji wa uwanja, mtu mzima mwenye shahada ukutani, alisoma majina ya wenzake kumi kwa mbwembwe, kisha akasema "na namba kumi na saba" na kuzima kipaza sauti. Upuuzi mtupu, lakini mji mzima ukiamini upuuzi, anayelala nao kitanda kimoja ni yule unayemhusu.

Kilichowathibitishia zaidi ni vidole vyake. Kila mpira uliposimama, Eloy aligonga paja kwa vidole, kimoja kimoja, midomo ikicheza. Wenzake walisema anaroga. Kumbe alikuwa anahesabu. Miaka minne nyuma, klabu yake ya Sotillar ilikuwa ikiongoza kwa mabao matatu, dakika mbili zimebaki, kocha akaamua kumpa kijana wa kikosi cha pili nafasi ya kuonja uwanja mbele ya mama yake. Alimtoa mkubwa wa kikosi cha kwanza, akamwingiza kijana. Sheria ya madaraja yale inataka uwanjani wawepo wakati wote wachezaji saba wa kikosi cha kwanza, wasipungue. Vijana wa kuazimwa wasizidi wanne. Sotillar walibaki sita kwa sekunde tisini. Jumatano barua ikaja: mechi wamepewa wapinzani. Wiki tatu baadaye wakashuka, na mtu mmoja kwenye basi akasema yote yalianza siku alipokuja huyu Quintanar.

Tangu siku hiyo Eloy huhesabu. Vidole vitano vya mkono wa kulia, kisha viwili vya kushoto. Akifika kidole cha saba, moyo unatulia, anaendelea kucheza.

Jumamosi jioni alimpigia simu mkewe, Mara, aliyekuwa kwa mama yake huko Soria pamoja na binti yao Jimena. Mara ni fundi wa kushona. Katika miji mitatu iliyopita alikata mapazia ya madirisha ambayo hawakuwahi kuyafungua majira mawili mfululizo. Mapazia hayo yamo kwenye masanduku, mafupi kwa nyumba hii, mapana kwa ile. Safari hii aliapa. Kitambaa alishanunua, amekilaza juu ya meza ya mama yake, lakini mkasi hakuugusa. Mwenyekiti wa klabu, don Evelio, mwenye kiwanda cha nyama kavu ya nguruwe kinacholisha nusu ya mji, alikuwa ameahidi mbele ya mashahidi: timu ikibaki kwenye daraja, Eloy atapewa karatasi ya mkataba wa miaka miwili, na baada ya kucheza atafundisha watoto wa klabu. Shule ya Jimena walishaiona, nyumba yenye madirisha manne walishaiona.

"Mkibaki, nakata," Mara alimwambia. "Mkishuka, narudisha dukani. Sikati tena kitambaa cha ndoto, Eloy. Mikono yangu imechoka."

"Tutabaki."

"Usiniambie wewe. Nitasikia redioni."

Alicheka aliposema hivyo, na Eloy akacheka naye, lakini alipokata simu alijikuta amekaa kitandani akigonga paja. Alihofu. Hakuhofia kushuka tu. Kushuka alikujua kama mtu anavyojua njia ya kwenda kwao. Alihofia kwamba pengine wana haki, kwamba kuna kitu ndani yake kinachooza kila anachokigusa, na kesho kitagusa meza ile ya Soria.

Jumapili mchana, mechi ya saa sita, upepo ulitoka kusini ukiwa na vumbi jekundu, anga likawa na rangi ya chai. Wachezaji walitema mate kila baada ya pumzi mbili. Kwenye viatu vyake vya mpira Eloy alikuta chumvi ya mawe kama kila wiki, na safari hii punje ya kitunguu saumu imesukumwa hadi kwenye vidole. Alivikung'uta juu ya pipa la taka bila kumtazama mtu. Hakuna aliyecheka, na hilo ndilo lililomtisha. Wiki nyingine huwa wanacheka.

Casiano alikuwa mlangoni na jalada lake la plastiki. Huyu alikuwa meneja wa timu, mzee wa miaka sitini na sita, tarishi mstaafu. Kazi yake ilikuwa karatasi, orodha ya wachezaji, na hesabu ile ya saba. Kwa hesabu alikuwa mtu makini sana, isipokuwa jambo moja. Mwaka Almorcal walipopanda daraja, bao la ushindi liliingia dakika ya themanini na tatu yeye akiwa chooni. Tangu wakati huo, ikifika dakika ya themanini Casiano huondoka benchi, huingia kwenye korido ya kwenda vyumbani na kusali rozari ameupa uwanja mgongo hadi kipenga cha mwisho. Kila mtu alijua. Waliona ni sehemu ya timu, kama bendera ya kona.

"Tuna wakubwa wanane tu wazima leo," Casiano alisema, akimwambia kocha Baldo lakini kwa sauti ya kusikika na wote. "Wote wanane wanaanza. Benchi ni vijana watupu. Akiumia mmoja, tumebaki saba, na hapo hakuna kugusa mkubwa mwingine hata awe anatambaa. Umenielewa, kocha?"

Baldo alisema ameelewa. Alikuwa amevaa jaketi la bahati lenye kiwiko kilichotoboka, kwenye joto lile, na jasho lilikuwa likimchuruzika hadi kidevuni.

Wageni walikuwa Cerrajón, mji ulio kilomita arobaini kutoka hapo, wanaochukiana na Almorcal kwa sababu ambazo hata wazee wameshazisahau. Nafasi ya kubaki ilikuwa moja. Cerrajón sare iliwatosha. Almorcal ilibidi washinde. Kwenye benchi la wageni alikaa meneja wao, mzee wa kofia ya kijivu, daftari gotini. Eloy alimtazama mara moja, akaona vidole vyake vinacheza juu ya daftari. Hakuwahi kumwona mtu mwingine mwenye tabia ile.

Dakika ya thelathini Eloy alipewa kadi ya njano kwa kumvuta beki shati. Dakika ya arobaini na moja alimzunguka beki huyo huyo kwa upande wa nje, akapiga krosi ya chini, mshambuliaji akaugusa tu, bao. Uwanja ulilipuka, ukaimba jina la mshambuliaji. Kwenye rundo la waliokumbatiana, Eloy alifika wa mwisho, na rundo likafumuka kabla hajaligusa.

Dakika ya hamsini na nane nahodha wao, beki wa kati Osinaga, alishika nyuma ya paja na kuketi chini. Kijana akaingia. Eloy aligonga: vitano vya kulia, viwili vya kushoto. Saba. Yeye mwenyewe akiwa wa saba. Benchini Casiano alikuwa amesimama akimwonyesha Baldo jalada, akilipigapiga kwa kidole, na Baldo akiitikia kwa kichwa huku macho yake yako kwenye mpira. Macho hayo Eloy hakuyapenda.

Kisha kukaja saa mbaya. Cerrajón walikuja kwa wingi, mpira ukawa hauvuki nusu ya uwanja. Vumbi lilizidi. Jukwaani watu waliacha kutafuna mbegu za alizeti, na mtu aliyekaa miaka mingi katika viwanja vile anajua kwamba maganda yakiacha kudondoka, hofu imeingia. Dakika ya themanini Eloy alimwona Casiano akilaza jalada kwenye kiti, akitoa rozari mfukoni, na kuingia koridoni kwa mgongo uliopinda.

Dakika moja baadaye mpira ulimkuta Eloy peke yake. Alikimbia nao mita arobaini, mapafu yakiwaka, akapiga. Mpira uligonga mwamba wa goli na kurudi hadi katikati. Cerrajón wakashambulia upande wa pili, na kipa wa Almorcal akauokoa kwa goti. Lilikuwa shuti zuri, la kumaliza mechi, limekosa kwa upana wa kidole. Lakini mji uliona jambo jingine. Uliona Yule amegusa mpira na kifo kimepita karibu.

"Nje!" mtu mmoja alipaza sauti nyuma ya goli. Jukwaa lote likaitika. Nje, nje, nje, huku wakipiga makofi ya pamoja. Kutoka kwenye viti vya viongozi don Evelio alisimama, akamtazama Baldo, na kufanya ishara kwa mkono, kama anayefagia makombo mezani.

Eloy aliona bango la kubadilisha likiinuliwa, kumi na saba kwa taa nyekundu, na kando yake kijana wa miaka kumi na minane akirukaruka kwa baridi ya woga. Vidole vilikwenda vyenyewe kwenye paja. Vitano. Kimoja. Kidole cha saba kilibaki hewani.

Alikuwa mstari wa mbali kabisa na benchi. Alianza kukata uwanja kwenda kwa Baldo, lakini mwamuzi, kijana mwenye nywele zilizolowa, alimzuia kwa kiganja na kumwonyesha mstari uliokuwa hatua nne nyuma yake. Sheria siku hizi inataka mchezaji atokee mahali alipo, ili asipoteze muda.

"Niache nifike kwa kocha wangu. Neno moja tu."

"Tokea hapo hapo. Una kadi, kumbuka."

Kumwambia mwamuzi sababu hakuweza. Wachezaji wawili wa Cerrajón walikuwa wamesimama karibu kiasi cha kusikia anavyohema. Alimwita Baldo, sauti ikamezwa na makelele. Akainua mikono juu ya kichwa akaonyesha vidole sita, mara mbili, mara tatu. Jukwaa likaona laana inatupwa mchana kweupe. Wanawake wawili wa mstari wa mbele walipiga ishara ya msalaba. Baldo, upande wa pili, alitikisa mkono kwa hasira: toka, we mtu, toka. Na kwenye benchi la wageni mzee wa kofia ya kijivu alikuwa amesimama wima, kalamu mkononi, hatazami mpira tena. Alikuwa akimtazama Eloy miguu.

Hapo Eloy akaona mambo yote kwa mpigo. Akivuka mstari ule mweupe, kijana ataingia, watabaki sita, na hata wakishinda leo mzee yule atapeleka karatasi ya malalamiko, Jumatano mechi itakuwa ya Cerrajón. Klabu itashuka. Meza ya Soria itabaki na kitambaa chake. Lakini kadi nyekundu ni jambo jingine. Anayetolewa na mwamuzi hakubadilishwa na mtu. Wanabaki kumi, na sheria inasamehe upungufu huo. Ilibidi afukuzwe. Ilibidi afukuzwe sasa, mbele ya watu elfu mbili, dakika tisa kabla ya mwisho, na asiweze kumweleza yeyote.

Alifikiria kidogo kwamba angeweza tu kutoka. Atoke kwa heshima, apigiwe makofi ya kejeli, na Jumatano lawama zimwendee Casiano na Baldo. Kwa mara ya kwanza kosa lingekuwa na wenyewe. Wazo hilo lilikuwa tamu, na aliona aibu kwa jinsi lilivyokuwa tamu.

Mpira ulikuwa miguuni pake. Aliuchukua kwa mikono, akauweka chini vizuri, akaukalia.

Uwanja mzima ukanguruma kama mnyama aliyekanyagwa. Mwamuzi alikuja mbio, akamwambia asimame, Eloy akatikisa kichwa. Akamwambia tena. Eloy alifunga kamba za viatu, polepole, kwanza kushoto halafu kulia. Njano, kisha nyekundu. Hapo ndipo aliposimama, akampa mwamuzi mpira mkononi na kumwambia asante. Chupa ya maji ilimpata begani. Bango la kubadilisha likashushwa, na kijana akarudi kuketi akilia, maana siku yake ya kwanza ilikuwa imeliwa na nuksi.

Alipita koridoni. Casiano alikuwa amesimama ameukabili ukuta, macho amefumba, rozari inapita vidoleni. Eloy alimwambia, "Tungebaki sita." Casiano alitikisa mkono asisumbuliwe, kwa sababu sala ikikatwa katikati haifai.

Chumbani aliketi chini ya msumari wake wa kutundikia nguo, wenye nafasi tupu pande zote mbili. Hakuna jambo baya kama kusikiliza mechi kupitia ukuta. Kelele za furaha na za kilio, zikishapita kwenye matofali, zinafanana. Alisikia ngurumo, akajua wamefungwa. Kimya, akajua hawajafungwa. Ngurumo nyingine, ndefu zaidi, akajua sasa ni kweli. Alihesabu vigae vya sakafu. Aliomba, mtu asiyeomba. Iwapo watashuka sasa atakuwa amewashusha kwa mikono yake, na hata Mara hatakuwa na neno la kumtetea. Maji ya bomba la bafuni yalidondoka, na kila tone alilihesabu kama dakika.

Kipenga cha mwisho hakukisikia. Alichosikia ni miguu, mamia ya miguu ikishuka ngazi za jukwaa kukimbilia uwanjani. Watu wanaoshuka daraja hawakimbii. Eloy aliinamisha uso kwenye magoti na machozi yakamtoka, ya furaha kamili, kwa mara ya kwanza tangu Januari.

Wa kwanza kufungua mlango alikuwa mzee wa kofia ya kijivu. Alikuwa ameivua, ameishika kifuani, na macho yake yalikuwa mekundu, kwa sababu mji wake ulikuwa umeshuka.

"Karatasi nilishaanza kuiandika," alisema. "Nilingoja mguu wako tu uvuke. Ulipoinua vidole sita nikajua leo tuko wawili tunaohesabu."

"Samahani, mzee."

"Samahani ya nini? Ungevuka, tungebaki sisi." Alimtazama kwa muda. "Miaka ishirini na sita nafanya kazi hii. Sijaona mtu akijitupa shimoni kwa namna ile. Wenzako wanajua?"

"Bado."

Mzee alimpa mkono, akaushikilia, kisha akavaa kofia na kutoka. Basi lao lilikuwa likinguruma nje tayari. Alipotoka, Eloy aliona kwamba mlangoni alikuwa amesimama Casiano, jalada kwapani, uso mweupe kama chokaa. Alikuwa amesikia yote.

Haikupita dakika wakaingia Baldo na don Evelio, wamelowa mvinyo wa kumwagiwa, nyuma yao korido imejaa nyimbo. Wimbo ulikuwa umeshatungwa: Mungu amemtoa Yule, Almorcal imepona. Baldo hakungoja.

"Umetaka kutuua," alisema. "Kwa sababu ya kiburi. Nakutoa, unakalia mpira? Mwanangu wa miaka mitano hafanyi hivyo."

Eloy alieleza. Alieleza kwa utulivu, wanane walioanza, Osinaga aliyeumia, saba waliobaki, yeye akiwa wa saba. Alitaja Sotillar. Eloy akaona hesabu inaanza kumwingia Baldo. Baldo aligeuka mlangoni.

"Casiano. Ni kweli?"

Casiano alikuwa na jalada, na ndani ya jalada orodha, na kila kitu kilikuwa pale. Angesema ndiyo, swali la pili lingekuwa wewe ulikuwa wapi, na don Evelio hakuwa mtu wa kuishia swali la kwanza. Rozari ilikuwa bado imemzunguka vidole. Aliificha mfukoni.

"Mimi nilikuwa nahesabu," Casiano alisema, akitazama sakafu. "Tulikuwa sawa."

Eloy alimngoja ainue macho. Hakuyainua.

"Muulizeni meneja wa Cerrajón," Eloy alisema.

Don Evelio alicheka bila furaha. Alisema hawezi kumpigia simu mtu wa Cerrajón kumkumbusha kuhesabu wachezaji wa mechi ambayo Almorcal imeshinda, na muda wa malalamiko haukwishi hadi Jumanne. Alisema mechi uliyoshindwa huchunguzwa, uliyoshinda huachwa ilale. Hapo alikuwa na akili, na Eloy alijua kwamba hata yeye, angekuwa mwenyekiti, asingepiga simu hiyo. Baldo alikuwa ameketi, anatazama vidole vyake mwenyewe, na hakusema tena neno juu ya jambo hilo, wala siku hiyo wala baadaye. Alikuwa na karatasi yake ya kusainiwa wiki ile.

"Kuhusu ile karatasi yako," don Evelio alisema, na sauti yake ikawa laini, karibu ya huruma. "Watu wamekuona. Siwezi kukuweka mbele ya watoto wao. Nakutakia heri, Eloy."

Ilikuwa mara ya kwanza jina lake kutamkwa katika chumba kile. Sasa alikuwa wa kuondoka, na jina lake halikuwa tena na madhara kwa mtu.

Walipotoka, Casiano alibaki nyuma kidogo. Alisema ana mke mgonjwa, kwamba klabu ndiyo kitu pekee kinachomtoa nyumbani, kwamba atakuja kusema, si leo, siku nyingine, mambo yakipoa. Eloy alimwambia aende zake. Hakuwa na hasira naye, na hilo lilimshangaza. Alikuwa amechoka tu, mpaka kwenye meno.

Gari lake lilikuwa pale pale chini ya mnara wa taa, limefunikwa vumbi jekundu. Juu, korongo wawili walikuwa wamerudi na walikuwa wakizunguka mahali kiota kilipokuwa, bila kutua. Mtu alikuwa ameandika kwa kidole kwenye kioo cha nyuma: NENDA. Aliketi ndani, akafunga madirisha, akapiga simu. Mara alipokea kabla haijalia mara ya pili, na nyuma yake Jimena alikuwa akiimba.

"Nimesikia," alisema. "Nimesikia yote. Na hiyo kadi yako, mtangazaji amekutukana mpaka mama akataka kuivunja redio. Lakini haidhuru, si mmebaki? Kadi ni kadi."

"Mara, ngoja. Kile kitambaa—"

"Nimeshakata."

Eloy aliegemeza kichwa kwenye usukani.

"Nilisikia kipenga cha mwisho nikachukua mkasi hapo hapo. Madirisha yote manne. Jimena ameshika ncha." Mkasi ulisikika ukiwekwa mezani. "Eloy? Uko hapo?"

"Niko."

"Mbona huongei?"

Nje, watu walikuwa wakipita kuelekea kwenye chemchemi ya uwanja wa mji, wakiimba, na waliofika karibu na gari walilizunguka kwa mbali. Mmoja aligusa mti wa kando ya njia. Eloy alifuta kioo kwa kiganja ingawa vumbi lilikuwa upande wa nje.

"Hujaniambia," alisema, "ni cha rangi gani."